Natalia Nyoni na Zile Milioni Themanini na Sita

Simu ya benki ilimkuta Natalia Nyoni akiwa na glavu mkono mmoja, wa pili bado. Ilikuwa Alhamisi, mwanzoni mwa Machi 2019, na mvua ilikuwa inapiga bati la wodi ya wazazi kwa nguvu hivi kwamba mtu wa upande wa pili alilazimika kurudia mara mbili.

"Mkopo wako umepita, dada. Njoo kesho uchukue rasimu ya mkataba, na ukiwa tayari kusaini una muda mpaka Ijumaa ijayo."

Natalia alipiga kigelegele pale pale. Mama mmoja aliyelala kitanda cha tatu, uchungu umemshika, alifumbua macho akauliza, "Sista, kwani nimeshajifungua?" Wodi nzima ikacheka, na yule mama naye akacheka mpaka uchungu ukamkatisha.

Wakati huo Natalia alikuwa na miaka thelathini na tisa, mkunga wa miaka kumi na tano kazini. Watoto wa mji huu wa Songea aliowapokea kwa mikono yake alishaacha kuwahesabu. Nyumba alizopanga ndizo alizozikumbuka zote: mbili Majengo, moja Lizaboni, moja Mfaranyaki, na sasa Bombambili, vyumba viwili na sebule, shilingi laki moja na ishirini elfu kwa mwezi. Kila alipohama, vitu vilipanda kwenye guta na binti yake Jane alitembea nyuma amebeba kioo. Baba yake Jane aliondoka kwenda kutafuta maisha Makambako mtoto akiwa na miaka miwili, akayapata huko huko.

Alishajaribu kujenga. Alinunua kiwanja, akaweka msingi, na msingi ukakaa miaka saba. Siku akiwa zamu, mafundi walilala. Siku akiwa hana zamu, hakuwa na pesa ya saruji. Mara ya mwisho alipokwenda kuuangalia alikuta mtu asiyemjua amepanda maboga katikati ya vyumba vyake, na maboga yamestawi. Aliuza kiwanja na msingi wake kwa milioni nane, akaenda kuulizia nyumba mpya zilizokuwa zikiuzwa upande wa Msamala. Vyumba vitatu, choo ndani, tangi la maji, geti jeusi. Milioni arobaini na tano. Atoe tano mkononi, benki itoe arobaini, naye arejeshe kwa miaka ishirini kupitia mshahara.

Ijumaa alichukua rasimu, bahasha nene ya kaki, akaenda nayo kazini akiwa ameikumbatia kama mtoto mchanga. Mchana, saa ya chakula, alimfuata Nasma, rafiki yake wa dirisha la dawa. Nasma ni Myao wa Nalasi, kwao ni wakulima wa korosho, na ni mtu ambaye hata ukimwambia umeshinda bahati nasibu atakuuliza kwanza tiketi uliinunua wapi.

"Hongera, mwenzangu! Alhamdulillahi," alisema Nasma akimkumbatia. "Sasa niambie. Mpaka unamaliza, utakuwa umewapa shilingi ngapi?"

"Laki tano na ishirini na sita elfu kwa mwezi, na mia saba na kitu."

"Hiyo ni ya mwezi. Nimeuliza ya jumla."

Natalia alicheka. "Riba yao ni asilimia kumi na tano. Kumi na tano ya arobaini ni sita. Kwa hiyo arobaini na sita, au na gharama zao ndogo ndogo, arobaini na nane hivi."

Nasma aliweka kijiko chini. "Sita hiyo ni ya mara moja au ya kila mwaka?"

Natalia aliigeuza bahasha kana kwamba jibu limeandikwa nyuma yake.

"Mimi riba siigusi, dini yangu hairuhusu," Nasma aliendelea, sauti yake ya upole. "Lakini kwetu Nalasi nilimwona baba akichukua salfa ya kupulizia mikorosho kwa mkopo, anaambiwa ni kidogo, utalipa msimu ukifika. Msimu unafika, gunia zinaondoka, sisi tunabaki tunaangalia tairi za lori. Wewe unayeigusa, Natalia, ijue. Ijue kabla hujasaini."

Jumamosi Natalia alikuwa zamu. Jumapili, baada ya misa ya pili, alipika ugali na likolo la nanyungu, mboga ya majani ya maboga, wakala na Jane, kisha akafuta meza na kuifungua ile bahasha. Mkataba ulikuwa kurasa ishirini na mbili. Nyuma yake, zikiwa zimebanwa kwa pini, kulikuwa na kurasa nane za jedwali la marejesho, mistari mia mbili na arobaini, mstari mmoja kwa kila mwezi wa miaka ishirini. Wengi hawazifungui kurasa zile. Lakini kazi ya ukunga ni kusoma chati. Kila nusu saa unaandika mapigo ya moyo wa mtoto, na namba moja ikienda mahali ambapo haikutakiwa kwenda, hulali. Natalia alichukua rula ya Jane, akaiweka chini ya mstari wa kwanza.

Rejesho: 526,716. Riba: 500,000. Kupunguza deni: 26,716.

Aliusoma tena. Akaondoa rula, akaipangusa kwa kanga, akairudisha.

"Jane, njoo usome hapa."

Jane, darasa la saba mwaka ule, akasoma namba zile zile kwa sauti.

"Wamekosea kuchapa," alisema Natalia. "Wamegeuza. Laki tano ndiyo inatakiwa ipunguze deni, hii ishirini na sita ndiyo riba."

Alishuka mstari wa pili, wa tatu, wa kumi na mbili. Kote vile vile. Kama ni kosa, lilikuwa kosa lenye nidhamu sana. Alichukua simu akajumlisha mistari ishirini na minne ya mwanzo. Kwa miaka miwili atakuwa amelipa milioni kumi na mbili na laki sita. Deni litakuwa limepungua kwa laki saba na arobaini na mbili elfu. Basi!

Sasa alikuwa amesimama. Rula ilishuka ukurasa kwa ukurasa akitafuta mwezi ambao kile kinachopunguza deni kitaizidi riba. Aliupata ukurasa wa saba, mstari wa mia moja themanini na sita. Mwaka wa kumi na sita! Jane atakuwa na miaka ishirini na saba. Na chini kabisa ya ukurasa wa nane, kwa herufi ndogo kama za kwenye kopo la dawa, palikuwa na jumla: 126,411,840.

Kukopa arobaini, kurudisha mia moja ishirini na sita. Milioni themanini na sita na zaidi ni riba tupu.

Ungetegemea alie. Mwenyewe anasema alihisi kitu kingine kabisa. Ulikuwa ule msisimko unaompata mkunga anapoweka kifaa tumboni na kusikia mioyo miwili mahali alipotegemea mmoja. Hofu imo, lakini akili imeshaamka yote, na mikono inataka kufanya kazi.

Jumatatu asubuhi alikuwa wa kwanza mlangoni pa benki. Ofisa wa mikopo aliitwa George, kijana wa kutoka Mbeya mwenye tai nyembamba, mpole, na asubuhi ile alikuwa bado hajanywa chai.

"Kaka George, habari za asubuhi. Nimekuja na swali moja, nalo nataka unijibu kama unavyomjibu dada yako. Hili jedwali limekosewa?"

George aliuangalia mstari wa kwanza. "Hapana, dada. Liko sawa."

"Nieleze."

Akamweleza, na alimweleza vizuri. Asilimia kumi na tano ni ya kila mwaka, maana yake kila mwezi ni asilimia moja na robo ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni milioni arobaini nzima, kwa hiyo riba yake ni laki tano. Rejesho likija, riba inachukua chake kwanza, kinachobaki ndicho kinachokwangua deni. Mwezi unaofuata deni limepungua kidogo sana, riba nayo inapungua kidogo sana, na kinachobaki kinaongezeka kidogo sana. "Mwanzoni linasogea kama konokono, dada. Mwishoni ndiyo linakimbia."

"Mwishoni nitakuwa na miaka hamsini na tisa."

George alilirudisha jedwali mezani.

"Kwa hiyo," Natalia alisogeza kiti, "riba inahesabiwa kwenye kile kilichobaki. Ngoja. Mimi nikija mwezi wa kwanza nikakuletea hela ya ziada, kidogo tu, nje ya rejesho, nikasema hii ipunguze kile kilichobaki, mwezi wa pili riba inakuwaje?"

"Inapungua."

"Na wa tatu?"

"Inazidi kupungua. Na miezi ya mwisho inakatika. Unamaliza mapema."

"Mapema kiasi gani? Fungua hiyo kompyuta yako. Nataka nione miaka kumi badala ya ishirini, niwe nalipa ngapi kwa mwezi."

George alijua, kama wanavyojua maofisa wengi, kwamba mtu akiambiwa afupishe muda kwa nusu hudhani rejesho litakuwa mara mbili, akakata tamaa. Aliandika, akabonyeza, akageuza kioo cha kompyuta upande wa Natalia.

645,340.

Natalia alikodoa macho. "Hiyo ni ya miaka kumi? Si milioni na hamsini?"

"Laki sita na arobaini na tano."

"Nyongeza yake ni laki moja na..."

"Na kumi na nane elfu, mia sita na ishirini na nne."

"Na jumla? Jumla ya yote inakuwa ngapi?"

"Milioni sabini na saba na laki nne."

Natalia aliitoa hiyo kwenye ile jumla ya kwanza, kwa kalamu kwenye kiganja chake, kwa haraka, akakosea, akarudia. Tofauti ilikuwa karibu milioni arobaini na tisa. Alipiga meza. Mteja wa dirisha la pili aligeuka. "Arobaini na tisa! George, ndugu yangu, hiyo inazidi bei ya nyumba yenyewe! Kwa laki na kumi na nane ya kila mwezi?" Kisha mkono ukaenda mdomoni. "Kodi," alisema.

"Kodi gani?"

"Kodi ya Bombambili! Laki na ishirini kila mwezi. Nikihamia kwangu, ile hela silipi tena. Hela ipo! Nimekuwa naitoa miaka yote, na sijawahi kulala njaa kwa ajili yake!"

Alisimama, akakaa, akasimama tena. Na George, ambaye alikuwa amefungua mafaili mengi ya watu waliosaini bila kugeuza ukurasa, naye akajikuta anacheka.

Furaha ile ilikwama mahali pawili. Kwanza, mfanyakazi wa serikali lazima abaki na theluthi ya mshahara wake baada ya makato yote, na rejesho la miaka ishirini tayari lilikuwa linaugusa mstari huo. Benki haikuweza kukata laki sita na arobaini na tano kwenye mshahara hata kama Natalia mwenyewe angepiga magoti. Ilibidi mkataba ubaki wa miaka ishirini, na ile ziada ailete mwenyewe mkononi, kwa hiari yake. Hapo Natalia alisema sawa, tena afadhali, maana mwezi wa shida ataweza kuacha bila kuvunja mkataba.

Pili ilikuwa ngumu zaidi. Natalia alisoma mkataba wote pale pale, George akiwahudumia wengine, na kwenye kifungu cha kumi na nne akaweka kidole. Kilisema kwamba mkopaji akilipa zaidi ya rejesho ndani ya miaka mitano ya mwanzo, atatozwa asilimia tatu ya kiasi hicho, na fedha hiyo itahesabiwa kuwa ni malipo ya awali ya marejesho yajayo.

"Maana yake nini haya maneno ya mwisho?"

George alikuna kidevu. "Maana yake mfumo unaiweka pembeni. Inasubiri rejesho la mwezi ujao."

"Kwa hiyo haikwangui deni."

"Haikwangui, labda meneja aelekeze kwa maandishi."

"Basi nataka hayo maandishi. Nataka barua iseme ziada yangu inaingia kwenye deni lenyewe siku ile ile, na ile asilimia tatu isiwepo. Bila hiyo sisaini."

"Dada Natalia, kuna mteja mwingine anaitaka nyumba ile ile. Ijumaa ikipita..."

"Najua."

Jumanne kaka yake, Kajetani, alifika kutoka Hanga akiwa na ndoo ya maharage na habari aliyoipata njiani. Kajetani ni fundi uashi, ufundi aliujifunzia kwenye karakana za watawa kule kule Hanga, na tangu siku ile ya msingi wa maboga alikuwa na uchungu wake moyoni kwamba dada yake hakumpa yeye kazi.

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba. Nimesikia unawapa watu milioni mia na ishirini na sita. Natalia! Kwa hela hiyo mimi nakujengea nyumba tatu na ya nne naweka kuku."

"Kaa kwanza, kaka. Hiyo hela ninayo? Nikupe leo?"

"Huna, lakini unajenga kidogo kidogo."

"Nilijenga kidogo kidogo miaka saba nikavuna maboga, tena ya mtu mwingine." Jane alicheka kutoka jikoni. Natalia akafungua daftari. "Nisikilize. Nikijenga taratibu miaka kumi, kodi pekee nitakuwa nimemlipa mwenye nyumba milioni kumi na nne na laki nne. Hapo sijanunua hata mfuko wa saruji, na saruji haitanisubiri kwa bei ya leo. Ningekuwa na wewe Songea kila siku ningejenga, Mungu ni shahidi. Lakini wewe uko Hanga na mimi niko wodini. Nikifanya hivi ninavyotaka, milioni sabini na saba. Bado ni nyingi, sikatai. Ni bei ya kulala kwangu kuanzia mwezi ujao. Nimeipima, nimeiona yote, na nimekubali."

Kajetani aliligeuza daftari, akazifuata hesabu kwa kidole kama anavyofuata uzi wa timazi. "Hii laki na ishirini," alisema hatimaye, "ukiiruka?"

"Nikiiruka, konokono."

"Usiiruke basi," alisema, akasukuma ndoo ya maharage kwa mguu kuelekea jikoni. Ndivyo alivyotoa baraka zake.

Jumatano kimya. Alhamisi George alipiga kusema barua iko mezani kwa meneja na meneja yuko kwenye kikao. Yule mteja mwingine alionekana Msamala akipima madirisha kwa futi ya kamba. Nasma aliambiwa, akasema kwa utulivu wake, "Akipata yeye, ni riziki yake. Wewe usisaini kwa kukimbizwa."

Ijumaa Natalia alibadilishana zamu akaenda kukaa kwenye kiti cha plastiki mbele ya ofisi ya meneja tangu saa tatu. Meneja, Bi Evaline, alikuwa mwanamke wa makamo mwenye miwani iliyoning'inia shingoni. Alimwita ndani saa tano na nusu.

"Wewe ndiye uliyesoma kifungu cha kumi na nne?"

"Ndiyo, mama."

"Nimekaa tawi hili miaka minne. Wewe ni wa pili." Alivaa miwani. "Wa kwanza alikuwa hakimu. Nieleze kwa nini nikuandikie."

Natalia hakuzunguka. "Kwa sababu mimi nitalipa, mama. Mtu aliyejua deni lake tangu siku ya kwanza halikimbii. Benki itapata riba pungufu kwangu, ni kweli. Lakini hamtakuja kuninadia nyumba, na nitawaletea wenzangu wodi nzima."

Bi Evaline alimtazama juu ya miwani. Kisha alivuta karatasi iliyokuwa chini ya kikokotoo, tayari imechapwa. Malipo yote ya hiari kuanzia shilingi elfu hamsini yatapunguza deni la msingi siku yanapopokelewa, bila tozo. Aliweka saini, akagonga muhuri. "Ukililipa deni lote kwa mkupuo ndani ya miaka mitano, asilimia tatu ipo pale pale. Hiyo siwezi kuiondoa."

"Siwezi kuwa na mkupuo, mama. Mimi ni nesi."

Wote wawili walicheka. Saa sita na robo Natalia alisaini kila ukurasa, na zile kurasa nane za jedwali alizisaini kwa furaha ya pekee. Tathmini, mwanasheria, usajili wa rehani na bima vilikula milioni mbili na laki tatu ya fedha za kiwanja. Navyo alikuwa ameviweka kwenye hesabu.

Walihamia Jumamosi ya tatu ya Aprili. Mwezi ule ule, kabla hata ya kununua pazia, Natalia alisimama dirishani benki na laki moja na ishirini elfu. Karani aliuliza anaweka akaunti gani. "Naweka kwenye deni," alijibu, akatoa nakala ya barua. Akangoja mpaka akaona kwenye stakabadhi neno lenyewe: deni la msingi. Mwezi wa kwanza deni lilipaswa kushuka kwa elfu ishirini na sita. Lilishuka kwa laki moja na arobaini na sita. Alitoka nje akampigia Nasma palepale kwenye ngazi, akipiga kelele kwenye simu watu wakimpisha.

Haikuwa njia nyoofu. Mwaka wa tatu alipandishwa daraja, na serikali ikamlipa malimbikizo, milioni mbili kwa mara moja. Wiki nzima sebule yake iliona makochi kwenye ndoto. Alikwenda hata dukani akayakalia, ya rangi ya kahawia, laini, ya kuzama. Jane, aliyekuwa kidato cha tatu, ndiye aliyemuuliza, "Mama, milioni mbili leo zinaua riba ya shilingi ngapi mbele?" Walihesabu wawili. Makochi yakabaki dukani. Miezi michache baadaye mama yao Natalia na Kajetani alivunjika nyonga kule Hanga, na kwa miezi mitano ile laki na ishirini ilikwenda kwenye dawa, nauli na uji wa lishe. Natalia hakuipeleka benki, na hakuna aliyempigia simu wala kumtoza kitu. Mshahara ulilipa rejesho lake, deni likatambaa taratibu likimsubiri. Mama alipoanza kutembea na fimbo, mwezi uliofuata Natalia alirudi dirishani.

Wodini habari zilienea zenyewe. Mwanzoni walimtania, wakimwita Meneja. Baadaye mmoja mmoja alianza kumvuta pembeni na karatasi iliyokunjwa. Si wote walikuwa wanakopa nyumba. Wengine ni mkopo wa pikipiki, wengine wa ada. Natalia huuliza lile swali la Nasma kwanza: mpaka unamaliza, utakuwa umewapa shilingi ngapi? Wengi hujibu ya mwezi. Mkunga mmoja, John, aliyekuwa anakaribia kusaini mkopo wa nyumba wa miaka ishirini na mitano, alipoona jumla yake alirudi nyumbani akakaa na mkewe, wakaamua kuweka akiba miaka miwili kwanza ili wakope nusu. Alimletea Natalia kuku.

Machi mwaka huu, 2025, ilitimia miaka sita. Natalia aliomba likizo ya siku moja, akavaa gauni la kitenge lililoshonwa kwa ajili ya Pasaka, akaenda kuchukua taarifa ya mkopo. George alishahamishiwa Njombe, kulikuwa na dada mwingine mezani. Kwa jedwali lile la zamani, baada ya miaka sita, deni lilitakiwa liwe milioni thelathini na sita na laki tisa. Yaani miaka sita ya kukatwa mshahara kwa kushuka milioni tatu tu.

Dada wa benki alichapa, akaisoma, akakunja uso. "Samahani, mama, naona kama mfumo umekosea. Hapa panasema umebakiza milioni ishirini na laki tano na kidogo."

"Haujakosea," alisema Natalia.

"Lakini ratiba inaonyesha..."

"Najua ratiba inaonyesha nini, mwanangu. Sogea nikuonyeshe."

Akavuta kiti upande wa yule dada, wakawa wawili wanaangalia kioo kimoja. Hesabu ikatoka: miezi arobaini na moja imebaki. Atamaliza akiwa na miaka arobaini na minane, karibu miaka kumi na moja kabla ya ile siku iliyoandikwa kwenye mkataba. Yule dada alikuwa ameanza kunakili barua ya kifungu cha kumi na nne kwenye daftari lake mwenyewe, kwa mwandiko wa haraka, maana na yeye, alisema, ana rasimu nyumbani ambayo hajaifungua.

"Ina kurasa ngapi za jedwali?" Natalia alimuuliza.

"Sijui, mama."

"Basi leo jioni chukua rula," Natalia alisema, na macho yake yalikuwa yanang'aa, "uanze na mstari wa kwanza."